Ukuta wa Chumba cha Wakati

Nadharia nyingi za kubuni kuhusu kupinda wakati zina chumba. Nje zinapita saa nane, ndani inapita saa moja. Mtu anaingia giza likianza na kutoka alfajiri akiwa amezeeka kwa saa moja tu. Mtunzi hueleza mashine, koili, umeme, saa mbili zinazoanza kuachana. Kinachosahaulika karibu kila mara ni ukuta. Namaanisha ule unene, uwe wa sentimita moja au wa kilomita elfu, ambamo wakati wa nje unageuka kuwa wakati wa ndani. Nadharia nzuri na nadharia mbovu huachana hapo.

Sababu ni hii: mahali pawili penye mwendo tofauti wa wakati, pakipakana, hufanya mteremko, na vitu huporomoka kuelekea kule ambako wakati unakwenda polepole. Jiwe ukiliachia mkononi huanguka kwa sababu hiyohiyo, kwa kuwa saa iliyo karibu na ardhi inakwenda polepole kidogo kuliko iliyo juu yake. Anayesema amepunguza mwendo wa wakati ndani ya chumba anasema pia kwamba amechimba shimo. Na shimo lina kina, na kina kinahesabika.

Hapa duniani mteremko huo ni 1.1 × 10⁻¹⁶ kwa kila mita ya kwenda juu. Saa ya rafu ya juu, ikiwa mita moja juu ya mwenzake, inatangulia nanosekunde 3.4 kwa mwaka. Ni kiasi kidogo mno, lakini kimepimwa. Mwaka 1960, Robert Pound na Glen Rebka walitangaza matokeo ya kupeleka miale ya gama ya chuma-57, aina moja ya atomu za chuma, kati ya juu na chini ya mnara wa mita 22.5 katika Chuo Kikuu cha Harvard. Walichotafuta kilikuwa badiliko la 2.5 × 10⁻¹⁵ katika masafa ya miale, yaani idadi ya mawimbi yake kwa sekunde. Mwaka 2020 kikundi cha Hidetoshi Katori kilichapisha vipimo vya saa mbili za atomu za strontiamu zilizoachana mita 450 kwenye mnara wa Skytree, Tokyo. Ya juu ilitangulia nanosekunde 4 na ushei kwa siku. Mwaka 2022 kikundi cha Jun Ye kule Colorado kiliuona mteremko ndani ya wingu moja la atomu lenye urefu wa milimita moja tu.

Jaribio la Harvard lina somo ambalo kila mtunzi wa nadharia za wakati angepaswa kulikariri. Chanzo cha miale kikiwa na joto la nyuzi moja zaidi ya kipokezi, masafa yanahama kwa takriban 2.2 × 10⁻¹⁵, karibu sawa na athari yote inayotafutwa. Atomu za chuma chenye joto zinatetemeka kwa kasi zaidi, na chochote kinachokwenda kasi saa yake huchelewa. Kwa hiyo nyuzi moja ya joto ilitosha kuigiza mnara wote. Dawa yao ilikuwa kupima tofauti ya joto na kuirekebisha, kisha kubadilishana nafasi za chanzo na kipokezi ili makosa yasiyotokana na urefu yafutane. Mashine yoyote ya kubuni inayopinda wakati itakuwa na joto pia, na swali la kwanza la msomaji makini litakuwa: umejuaje kwamba si joto?

Turudi kwenye ukuta. Kanuni yake ni fupi: chukua tofauti ya mwendo wa saa, zidisha kwa mraba wa kasi ya mwanga, gawanya kwa unene wa ukuta. Unachopata ni mchapuko, yaani jinsi kitu kitakavyovutwa ndani ya ukuta huo. Mraba wa kasi ya mwanga ni 9 × 10¹⁶, na namba hiyo ndiyo inayoharibu mipango.

Chumba cha saa nane kwa moja tukiweke pembeni kwanza, tuchukue cha wastani kabisa: ndani kunachelewa asilimia 1. Kwa miaka 10 ya nje, aliye ndani anaokoa siku 36 na nusu. Ni kidogo, karibu haifai kuandikiwa hadithi. Ukuta wake ukiwa na unene wa mita 1, mchapuko ndani yake ni mita 9 × 10¹⁴ kwa sekunde mraba. Ukitaka uvutano uwe kama huu tuliouzoea, wa 9.8, unene wa ukuta lazima ufike mita 9.2 × 10¹³, zaidi ya mara 600 ya umbali kati ya Dunia na Jua. Mtaka cha uvunguni sharti ainame, na hapa kuinama kuna kipimo.

Hewa tu inatosha kuonyesha kinachotokea. Molekuli ya hewa ya nje inapoporomoka ndani ya chumba hicho inachukua asilimia 1 ya nishati yake yote ya tungamo. Kwa kila protoni na kila nyutroni hiyo ni takriban volti-elektroni milioni 9.4 (volti-elektroni ni kipimo cha nishati cha ngazi ya atomu). Kiini cha atomu hushikiliwa na takriban milioni 8 kwa kila protoni au nyutroni. Maana yake hewa haiingii kama upepo. Inagonga sakafu ikiwa na nguvu ya kuvunja viini, na chumba kinageuka chanzo cha mnururisho. Kilo moja ya chochote, ikidondoka kutoka nje hadi ndani, inaachia nishati ya 9 × 10¹⁴ jouli, sawa na kiasi cha kilotani 215 za TNT. Na kuitoa kilo hiyohiyo kunadai malipo yaleyale, kwa kuwa kila gramu inapanda mteremko.

Huwa naona watunzi wakijaribu kukwepa hapa kwa kuandika kwamba mashine yao inapinda wakati bila kuvuta kitu. Inaonekana kama uhuru mdogo wa msanii, lakini inafungua mlango mkubwa sana. Fuata mzunguko huu. Dondosha kilo moja ndani ya chumba na uvune nishati ya kuanguka. Igeuze ile kilo yote kuwa mwanga, urushe mwanga nje, uugeuze tena kuwa kilo. Katika ulimwengu wetu mwanga unaotoka unapoteza masafa kwa kiwango kilekile ulichovuna, kwa hiyo hesabu inafungana. Na ni lazima upoteze masafa, kwa kuwa saa za ndani zinachelewa na mawimbi yanatoka moja baada ya jingine kwa mwendo wa saa hizo. Sasa ondoa kule kuanguka, ubakize kuchelewa kwa saa. Mzunguko hautafungana tena. Ukiuendesha upande mmoja unapoteza nishati, ukiugeuza unapata nishati ya bure bila kikomo. Nadharia hiyo imekoma kuwa ya wakati, imekuwa ya mashine isiyokula mafuta. Kama ndicho unachotaka, andika hivyo waziwazi.

Mwanga nao una madai yake, na hapo ndipo tukirudishe chumba cha saa nane kwa moja. Mtu aliye ndani anaona kila wimbi la nje likiwa na masafa mara 8. Mwanga wa kijani wa Jua, wenye urefu wa wimbi wa nanomita 500, unamfikia ukiwa na nanomita 62, ambao ni urujuanimno mkali wa kuunguza. Kila fotoni ina nishati mara 8, na zinafika kwa wingi mara 8 kwa kila sekunde yake. Hata bila kuhesabu jinsi mteremko unavyoikusanya miale, hiyo tayari ni mara 64. Tuseme amefunga madirisha na Jua halimfikii. Kuta za jengo la nje zenye joto la kawaida la nyuzi 27, yaani kelvini 300, hutoa mionzi ya joto isiyoonekana. Yeye anaiona ikiwa ya kelvini 2,400, karibu sawa na waya unaowaka ndani ya balbu ya zamani. Chumba cha kupumzikia kimekuwa tanuri, na kilichokipasha ni ukuta mtulivu wa ofisi. Kwa chumba cha asilimia 1 athari hiyo ni nyuzi 3 tu, kitu cha feni. Ndiyo maana napenda asilimia 1: ni mahali ambapo nadharia bado inaweza kukaliwa na mtu.

Fizikia halisi ina chumba chake cha wakati, na ni kizuri kuliko vingi vilivyobuniwa. Ni gamba la duara, tupu ndani. Tungamo lake likiwa limesambaa sawasawa, gamba halimvuti aliye ndani upande wowote, kwa kuwa mivuto yote inafutana. Hata hivyo saa yake inachelewa ikilinganishwa na ya mbali nje, na inachelewa kwa kiasi kimoja kila pembe ya chumba. Hakuna mteremko ndani. Mteremko wote uko kwenye gamba na nje yake.

Tujenge moja kwa risasi, metali nzito inayopatikana. Nafasi ya ndani iwe na nusu kipenyo cha mita 5, unene wa gamba mita 1. Zinahitajika takriban tani 4,300. Kuchelewa kwa saa ndani yake ni 5.8 × 10⁻²². Ile saa ya Colorado ya 2022 ilifikia usahihi wa 7.6 × 10⁻²¹ katika kulinganisha, kwa hiyo athari ya gamba letu bado iko chini ya hapo mara 13. Kwa lugha nyingine, tani 4,300 za risasi zinapinda wakati sawa na kuishusha saa chini kwa mikromita 5. Unywele ni mnene kuliko hivyo mara nyingi.

Kufikia asilimia 1 katika chumba hichohicho, gamba jembamba linahitaji tungamo la Dunia 11 hivi. Tuseme umezipata. Gamba lenye uzito huo linataka kujiporomokea, na kulizuia kunahitaji mkazo wa karibu robo ya asilimia 1 ya nishati yote iliyomo katika tungamo lake. Chuma cha pua imara huvumilia mkazo wa takriban sehemu 1 tu katika trilioni ya nishati yake. Pengo ni zaidi ya mara bilioni moja, na halizibwi na aloi bora, maana nguvu ya kitu chochote kilichoundwa na atomu inatokana na elektroni kushikana, na kushikana huko ni hafifu sana mbele ya nishati ya tungamo.

Na atakayetaka saa za ndani ziende nusu ya mwendo, na mtu aweze kupita mlangoni bila kuraruliwa na tofauti ya mvuto kati ya kichwa na miguu? Gamba lake litahitaji nusu kipenyo cha kilomita 82,000 hivi, kubwa kidogo kuliko sayari ya Mshtarii, na tungamo la Jua zipatazo 20,000.

Njia ya kasi nitaipitia haraka, kwa sababu watunzi wanaijua zaidi. Kupata nusu ya mwendo unahitaji asilimia 86.6 ya kasi ya mwanga, na kila kilo inayobebwa hudai nishati ya 9 × 10¹⁶ jouli, sawa na kilowati-saa bilioni 25. Wengine huandika pembea kubwa inayozunguka ili msafiri asitoke mbali na nyumbani. Kwa mvuto wa kawaida kwenye kiti chake, pembea hiyo inahitaji nusu kipenyo cha miaka 2.9 ya mwanga. Setilaiti za GPS zinaonyesha kasi na kimo vikishindana: kasi ya karibu kilomita 3.9 kwa sekunde inachelewesha saa zao mikrosekunde 7 kwa siku, kimo cha kilomita 20,200 kinaziharakisha 45, na jumla ni 38 mbele. Kwa hiyo masafa ya 10.23 megahezi hupangwa kabla ya kurushwa kuwa 10.22999999543. Bila hivyo kosa la umbali lingekua kwa takriban kilomita 11 kila siku.

Basi nadharia ya kubuni ijengwe vipi? Napendekeza kubuni kitu kimoja tu na kuacha mengine yote yalivyo. Buni uga, tuuite uga wa majira, ambao jouli yake moja inapinda wakati kama jouli nyingi za tungamo la kawaida. Ukitaka uga wenye nishati ya tani moja ya tungamo ufanye kazi ya Dunia 11, kizidishi chako ni karibu 6.6 × 10²². Huo ndio uongo pekee wa nadharia, na ni mkubwa, kwa hiyo usiongeze mwingine. Kisha jibu swali la wazi: kwa nini hakuna aliyeuona? Saa za strontiamu hukaa katikati ya leza, sumaku na umeme, na zingeuhisi mara moja. Jibu linalosimama ni kizingiti: uga hauzaliwi mpaka nishati ibanwe kupita kiwango ambacho hakuna maabara iliyokifikia. Kizingiti kinakupa pia namna mashine inavyoharibika. Nishati ikishuka chini yake kidogo, wakati haurudi taratibu. Uga unazimika wote, na mteremko wote unafutika kwa mpigo.

Mlango ni kazi nyingine. Lifti hutumia uzani wa kusawazisha: kinachopanda kinalipiwa na kinachoshuka. Chumba kinaweza kufanya hivyo pia, kwa kila kilo inayoingia kilo moja itoke. Hesabu ya nishati inakubali, kamba ndiyo haikubali. Kwenye ukuta wa mita 1 kilo moja ina uzito wa nyutoni 9 × 10¹⁴, na waya wa chuma wenye eneo la sentimita 1 ya mraba hukatika kwenye takriban laki 1.

Njia iliyo safi ni kuacha mlango kabisa. Mtu aingie wakati uga umezimwa, akae katikati, ndipo gamba la uga lizaliwe mbali kumzunguka na kusogea ndani taratibu likiwa duara kamili. Kwa kuwa ndani ya gamba la duara hakuna mvuto wa gamba, hahisi lolote. Hapiti ukuta, ukuta unampita kwa nje, kama wavu unavyobanwa. Kwa mtu wa kilo 70 na asilimia 1, mashine inapokea nishati ya 6.3 × 10¹⁶ jouli wakati wa kubana na lazima iirudishe yote wakati wa kuachia. Karibu kilowati-saa bilioni 17.5 zinahitaji pa kuhifadhiwa kwa muda wote wa safari. Hifadhi ikivuja, abiria hawezi kurudi, na hapo kuna hatari ya kweli ya kuandikia, yenye namba. Nje ya gamba pawe ombwe, kwa sababu ya ile hewa. Gamba likipoteza umbo la duara, sehemu iliyobonyea inaacha mteremko ndani, na tofauti ya sehemu 1 tu katika trilioni kati ya pande mbili za chumba chenye kipenyo cha mita 10 ni mchapuko wa mita 9,000 kwa sekunde mraba. Hiyo ni mara 900 ya mvuto wa Dunia. Usahihi wa umbo ndio kazi ngumu kuliko zote, ngumu kuliko nishati.

Mawasiliano nayo yana taabu ya kila siku. Redio ya megahezi 900 inaingia ikiwa megahezi 909, wakati chaneli za simu za GSM zina upana wa megahezi 0.2, kwa hiyo kipokezi hakioni kitu mpaka kirekebishwe. Umeme wa hezi 50 unasomeka 50.5. Data ikitumwa mfululizo kutoka nje inafika haraka kuliko ndani kunavyotarajia, na kila baada ya muda foleni inafurika. Ukiwa na kumbukumbu ya akiba ya siku moja, itajaa baada ya siku 100.

Suala la kurudi nyuma katika wakati sitaligusa sana, kwa kuwa si kupinda mwendo wa wakati bali ni kuufunga kitanzi. Kurt Gödel alionyesha mwaka 1949 kwamba milinganyo ya Einstein inaruhusu vitanzi hivyo katika ulimwengu unaozunguka, ambao hauonekani kuwa huu wetu. Frank Tipler mwaka 1974 alitumia mcheduara (umbo la bomba) mzito unaozunguka, wenye urefu usio na mwisho. Morris, Thorne na Yurtsever mwaka 1988 walitumia njia ya mkato angani, na njia hiyo haikupeleki kabla ya siku ilipogeuzwa kuwa mashine ya wakati. Mwaka 1992 Stephen Hawking alipendekeza kwamba sheria za asili zinaizuia mashine yoyote ya aina hiyo isikamilike. Nadharia inayogusa huku inahitaji kurasa zake peke yake.

Linalobaki ni kuthibitisha, na watunzi wengi huweka saa moja tu ndani ya chumba. Saa moja haithibitishi wakati umepindika, huenda imeharibika. Saa ya pendulamu yenye fimbo ya chuma huchelewa karibu nusu sekunde kwa siku kwa kila nyuzi 1 ya joto linaloongezeka. Mbaya zaidi, pendulamu hufuata mvuto: mahali penye mvuto mkubwa inakwenda mbio, ilhali wakati wenyewe huko unakwenda polepole. Weka vifaa vya asili tofauti kabisa, ambavyo joto, sumaku na mtikisiko haviwezi kuvikosesha kwa kiasi kimoja. Saa ya mkononi ya betri inatosha kwa kimojawapo: kosa lake la kawaida ni kama sekunde 15 kwa mwezi, na asilimia 1 ni dakika 14 na sekunde 24 kwa siku. Cha pili kiwe chanzo cha mnururisho chenye kihesabio kinachobofya kila kinaponasa chembe. Mbofyo 10,000 hazitoshi, kwa sababu bahati yenyewe inayumba asilimia 1. Subiri mpaka zifike 1,000,000, bahati iyumbe sehemu 1 katika elfu. Cha tatu kiwe saa ya atomu za seziamu.

Viache vyote vitatu nje kwa siku nzima kando ya pacha wao, yaani vifaa vingine vitatu vya aina ileile vitakavyobaki nje, mashine ikiwa imezimwa, uandike vinavyoachana. Kisha mashine iwake bila uga, ikiwa na joto na sumaku zake zote, siku nyingine nzima. Siku ya tatu ndipo uga uzaliwe. Saa ya betri ikitoka dakika 14 na sekunde 24 nyuma, seziamu ikawa nyuma kiasi hichohicho, na kihesabio kikapungukiwa mbofyo 10,000 katika kila milioni, kilichochelewa ni chumba. Mojawapo ikitofautiana na wenzake, anza kwa kuipima joto.